SIKU MOJA KUSINI YA UNGUJA: POMBOO, KIMA PUNJU NA MIKOKO

Mwezi huu twataka kuzungumza nanyi habari ya matembezi. Sisi watu wa pwani tuna ada ya kutoka majumbani kwetu kwa sababu tatu: harusi, maziko, na kuwatazama wazee shamba. Ama kutoka asubuhi kwa ajili ya kutazama mti au mnyama tu, kisha kurudi jioni, hilo tumewaachia wageni, nao hulipa fedha nyingi na kuvuka bahari ili waone vitu ambavyo sisi tumekaa navyo mlango wa pili. Watoto wetu huzaliwa Unguja, husoma Unguja, wengine huoa na kuolewa papo hapo, wala hawajapata kumwona kima punju ila katika picha. Jambo hili lilikuwa likitukera kwa muda. Basi skuli zilipofungwa tukakata shauri kuwachukua watoto, mama yao na bibi yao, tukaenda kusini siku nzima, Kizimkazi kwanza na Jozani baadaye.

Atakaye safari hii na autazame mwezi kabla ya kutafuta gari. Pomboo huonekana vizuri zaidi asubuhi, na mikoko hupendeza maji yanapoingia, kwa hiyo siku ifaayo ni ya bamvua, mwezi ukiwa mpevu au mchanga. Siku hizo maji hujaa karibu na saa kumi za alfajiri, hupwa kiasi cha saa nne asubuhi, kisha hujaa tena saa kumi za jioni. Tena iwe wakati wa kaskazi, kwani upande ule wa Kizimkazi bahari hutulia. Tulisali Alfajiri nyumbani, tukapakia maji, embe na ndimu za kunusa kwa wale wanaochafukwa na roho baharini, na kabla ya saa mbili tulikuwa tumefika Dimbani.

Nahodha tuliyepatana naye ni mtu mzima, mpole wa maneno, na mashua yake ni ya mbao yenye mashine na turubali la kivuli. Aliwavika watoto makoti ya kuelea mmoja mmoja, akayavuta makamba kwa mkono wake mwenyewe. Tukaondoka. Bahari ilikuwa shwari, na mwanetu mdogo, ambaye usiku kucha hakulala kwa furaha, akaanza kumwuliza yule nahodha, “Babu, watakuja wangapi?” Akajibiwa, “Mwanangu, hao hawana mkataba na mtu.”

Baada ya kiasi cha nusu saa tuliwaona. Lakini kwanza tuliona mashua: tulihesabu kumi na moja, zote zimeelekeza pua mahali pamoja. Pomboo walipozuka kuvuta pumzi, mashine zote zilinguruma pamoja, na abiria waliovaa miwani ya kuzamia na mapezi ya mpira wakajitupa majini mbele yao. Pomboo wakazama. Walipozuka tena mbali kidogo, mashua zote zikageuka, na mambo yakawa yale yale.

Hapa hatuna budi kusema kweli, ijapokuwa inatutia haya. Hatukumwambia nahodha akae mbali. Tulikuwa tumelipa, watoto wakipiga kelele, na sisi tukaona kuwa mashua za wenzetu zinatutangulia. Tukamwambia, “Nahodha, tupeleke mbele yao, na bakshishi yako ipo.” Akatutazama, akageuza usukani, akaongeza mashine. Kweli tulifika mbele yao. Alizuka pomboo mmoja pima mbili tu kutoka ubavuni mwa mashua, na kando yake, amemgandama kama mtoto aliyeshika kanga ya mama yake, yuko mtoto wake. Tuliisikia pumzi ya yule mama, na ilikuwa kama pumzi ya mtu aliyepandishwa ngazi mbio. Wakazama. Nasi tukawafuata. Mara ya pili, na mara ya tatu.

Ndipo mama yetu, aliyekuwa amekaa kimya chini ya turubali tangu tulipotoka, aliposema, “Mwanangu, mnyama huyu ana mtoto. Mwambie mwenzio azime.”

Hakusema neno jingine. Sisi tuliosoma vitabuni, tena tukawasomesha wengine, habari ya ndege aliyekuja akipiga mbawa juu ya masahaba kwa sababu makinda yake yamechukuliwa, na jinsi Mtume, rehema na amani zimshukie, alivyoamuru warudishwe kwa mama yao, tulingojea mpaka tukumbushwe na ajuza juu ya mashua. Mashine ikazimwa. Zile mashua nyingine zikaenda zake, na kelele zikapungua mpaka tukasikia maji yakigonga ubao. Twapenda kuwaambia kuwa pomboo walirudi kwetu kwa hiari yao. Hawakurudi. Tuliona migongo mitatu mbali, ikielekea kilindini, basi. Mwanetu mdogo alilia.

Pomboo si samaki. Huvuta hewa kama sisi kwa tundu lililo juu ya kichwa, huzaa na kunyonyesha, na mtoto hukaa na mama yake kwa miaka. Katika bahari ya Kizimkazi wako wa namna mbili, na mmoja, mwenye kama nundu mgongoni, ana haya zaidi kuliko mwenziwe. Hawaogelei mchana na usiku bila ya mapumziko. Wana saa zao za kupumzika, na mara nyingi ni saa hizo hizo ambazo mashua zinawazunguka. Wanaelimu waliowachunguza pomboo wa kusini ya Unguja wameona kuwa, mashua za watalii zinapowafikia, hupunguza kupumzika, kula na kucheza, na huzidi kwenda mbio. Mnyama aendaye mbio badala ya kula huchoka, na anyonyeshaye huchoka zaidi.

Wala haifai kuwalaumu watu wa Kizimkazi peke yao, kwani katika habari hii wao wametenda jambo kubwa. Zamani pomboo waliwindwa pale, na nyama yake ikatumiwa kuwa chambo cha papa. Walipoanza kuja wageni wa kuwatazama, mwanzoni mwa miaka ya 1990, wavuvi waliona kuwa pomboo aliye hai huleta riziki kila siku, na uwindaji ule ukaachwa. Mwaka 1997 bahari ile, kiasi cha kilomita za mraba 470, ikawekwa kuwa hifadhi ya Ghuba ya Menai. Kwa hiyo utalii ndio uliowaokoa pomboo na chusa, na utalii huo huo sasa hauwaachi wapumzike. Mwenye mashua hufuata atakalo abiria. Mwenye bakshishi ndiye aliyeshika usukani, nasi siku ile tulikuwa tumeushika sisi.

Tuliporudi maji yalikuwa yamepwa, mashua ikakwama mbali na pwani, tukakunja nguo na kutembea. Kwa watoto hii ikawa ndiyo raha ya asubuhi: viti vya pweza vyekundu juu ya mchanga, kaa wanaokimbia upande upande, na yule aliyelia akasahau kilio.

Dimbani hapo upo msikiti ambao mwenye kupita kwa haraka atadhani ni msikiti wa kijiji tu, una paa la mabati na kuta za chokaa. Lakini katika kibla chake yamo maandishi ya Kikufi yaliyochongwa katika mawe ya matumbawe, yenye tarehe ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107, nayo huhesabiwa katika maandishi ya kale kabisa ya Kiislamu katika pwani yetu. Jengo lenyewe lilijengwa upya baadaye, katika karne ya 18. Tulisali Adhuhuri humo, rakaa nne kamili, kwani kutoka mjini mpaka Kizimkazi ni kilomita kama 50, wala hazifiki masafa ya kupunguza Sala yaliyotajwa na wanavyuoni wa madhehebu yetu, ambayo ni kilomita 80 na kitu. Twalitaja hili kwa kuwa tumewaona vijana ambao kila wakipanda gari hujiona wasafiri.

Baada ya kula, tulikaa barazani na yule nahodha. Tukamwomba radhi kwa neno letu la asubuhi. Akacheka, akasema, “Maalim, mimi ningependa kuzima. Lakini nikizima, abiria huniambia kesho watakwenda kwa fulani.” Tukamwuliza kama hajapata kuambiwa na abiria azime mashine. Akafikiri, kisha akajibu, “Leo, na bibi.”

Alasiri tukashika njia ya kurudi, na tulipokaribia Jozani dereva akapunguza mwendo, maana barabara ina matuta. Matuta yale yaliwekwa kwa ajili ya kima, kwani zamani magari yalikuwa yakiwaua mara kwa mara walipovuka, na yalipowekwa vifo vikapungua. Jozani pamoja na Ghuba ya Chwaka ilifanywa hifadhi ya taifa mwaka 2004, nayo ina eneo la kilomita za mraba 50. Humo wamo paa nunga, ambao hatukuwaona, na vipepeo ambao tuliwaona hata tukachoka kuwahesabu. Lakini mwenye nyumba ni kima punju.

Kima huyu, mwekundu mgongoni, mwenye nywele nyeupe zilizosimama kuizunguka sura nyeusi kama za mzee aliyeamka sasa hivi, makao yake ya asili ni Unguja peke yake katika dunia nzima. Wachache walipelekwa msitu wa Ngezi, Pemba, katika miaka ya 1970. Hesabu iliyotangazwa mwaka 2017 ilipata zaidi ya 5,800, wengine katika hifadhi na wengine katika mashamba ya watu. Hana kidole gumba kama chetu, ila alama yake tu, na bado huruka kutoka mti hata mti huku mtoto amening’inia kifuani. Jambo lililowastaajabisha watoto kuliko yote ni kuwa hula makaa. Wale wakaao karibu na mashamba hula majani ya mwembe na mkungu, na majani hayo yana vitu vinavyodhuru tumbo. Basi hutafuta makaa yaliyozimika, wakayatafuna, na makaa hayo huvishika vitu hivyo visiwadhuru. Nani aliyewafunza? Mwanetu wa kike alisema kuwa labda walijifunza kwa bibi yao, na bibi akapendezwa sana na jawabu hilo.

Mwongozaji wa pale alitupa sharti mbili: kukaa mbali nao hatua chache, na kutowapa chakula. Mtoto mmoja alitoa biskuti mfukoni, akaambiwa kwa upole airudishe. Tukasimama kimya chini ya mti. Kima wakashuka wenyewe, wakala majani juu ya vichwa vyetu, mmoja akapita ardhini karibu na viatu vyetu bila hata kutugeukia, kama mtu apitaye mbele ya baraza ya majirani. Hapana aliyemfukuza, naye hakukimbia. Mama watoto akatunong’oneza, “Asubuhi tungefanya hivi.” Hatukuwa na la kujibu.

Saa kumi na kitu tulikuwa juu ya daraja la mbao upande wa Pete, ambalo hupita katikati ya mikoko, na maji ya bamvua yalikuwa yakiingia chini yetu bila sauti. Tuliwaonyesha watoto jinsi mbegu ya mkoko inavyoota ingali juu ya mti, ikawa ndefu kama mshumaa, kisha ikaanguka na kujichomeka matopeni au kuchukuliwa na maji. Tukawaambia pia kwamba boriti za dari ya nyumba ya babu yao mjini zilikatwa katika mikoko ya namna hii, na kuwa vyumba vya nyumba zetu za kale ni vyembamba kwa sababu boriti haziwezi kuwa ndefu zaidi. Majahazi yaliyokuja na kaskazi yalirudi na kusi yamejaa boriti hizo, zikaezeka nyumba za Oman na za Ghuba yote. Leo katika hifadhi hairuhusiwi kukata. Kati ya mizizi wanakua samaki wadogo na kamba, ambao baadaye ndio kitoweo chetu, na tuliwaona wakitembea makundi makundi palipokuwa pakavu saa chache kabla.

Tulifika mjini Magharibi ikiadhiniwa. Katika likizo ijayo tumeahidi kuwachukua watoto wa chuo chetu, kumi na wanane pamoja na walimu wawili, na mashua tumekwisha zipatana kwa nahodha yule yule na nduguye. Bei ni ile ile. Masharti yetu ni mawili: mashine izimwe pomboo wakiwa mbali bado, na mashua zisikatize njia yao. Nahodha ameongeza la tatu, kwamba bibi naye awepo.