Mfupa Ndani ya Jiwe na Tusi la Makaki



Hapa Songo vijana wawili nusura wapigane. Mmoja alikuwa amesoma kitabuni ya kuwa mtu na sokwe wametoka katika shina moja. Mwenzake akaruka: "Basi nawe umeanza kutuita makaki kama Mbeleji!" Wazee wakauamua ugomvi, lakini swali halikuamuliwa. Tangu hapo tumeulizwa na wengi, watu wa bandari ya Kalundu na wachimbaji wanaoshuka kutoka mashimo ya dhahabu, kwamba gazeti letu lasemaje. Leo twajibu.

Twaanza na tusi, maana ndilo linalouma. Wazee wetu walilisikia kazini, barabarani, na mbele ya watoto wao, mpaka mwaka 1960 na hata baadaye. Neno lenyewe lina safari ya ajabu. Wanachuoni wa lugha wasema Wareno walilichukua katika lugha zetu za Kibantu, huku upande wa pwani ya magharibi, ambako lilikuwa jina la kima. Likapelekwa Ulaya, likabandikwa wanyama ambao wengi wao wanaishi Asia na wachache kaskazini mwa Afrika, wala katika misitu ya Kongo hawamo kabisa. Halafu likarudishwa kwetu kuwa tusi. Ndivyo walivyofanya na mpira na shaba pia.

Wala haikuwa maneno matupu. Mwaka 1904 kijana wa Kongo, Ota Benga, alipelekwa Marekani ili aonyeshwe katika maonyesho makubwa ya St. Louis. Mwezi wa Septemba 1906 akawekwa katika bustani ya wanyama ya Bronx, mjini New York, ndani ya nyumba ya nyani, pamoja na orangutani, na maelfu ya watu wakaja kumtazama. Wachungaji weusi wa mji ule walipiga kelele mpaka akatolewa. Hakurudi kwao. Mwaka 1916, katika mji wa Lynchburg, alijiua kwa bunduki. Wenye bustani ile waliomba radhi mwaka 2020.

Basi tusimlaumu kijana aliyekasirika. Lakini twamwambia: hasira yako ni ya haki, ila hukuielekeza mahali pake. Kwa maana elimu ya mifupa ya leo haisemi kwamba mtu mweusi yuko karibu na sokwe kuliko mweupe. Yasema kinyume chake.

Tufahamu kwanza maana ya shina moja. Mtoto wa baba yako mkubwa si baba yako. Mmetoka kwa babu mmoja, kila mmoja akashika njia yake. Ndivyo alivyo sokwe kwetu: hakutuzaa. Babu wa wote wawili aliishi yapata miaka milioni 6 au 7 iliyopita, naye hakuwa sokwe wala mtu. Gorila alikuwa amekwisha kutoka katika ukoo huo kabla ya hapo. Kwa hiyo, na hili liliwashangaza wataalamu wenyewe, sokwe kwa damu yuko karibu na mtu kuliko alivyo karibu na gorila. Habari ya nani aliyeumba na kwa nini, hiyo ni ya kanisa na msikiti, gazeti hili haliingii humo.

Na ukoo huo ulianzia wapi? Tazameni ng'ambo ya ziwa letu, upande wa kusini-mashariki. Katika bonde la Rukwa, Tanzania, lilipatikana taya lenye meno, likatangazwa mwaka 2013. Umri wake ni miaka milioni 25, nalo limehesabiwa kuwa la mmoja wa wakongwe kabisa wa jamii ya sokwe wanaojulikana duniani. Pale pale palitoka na kipande cha taya la kima wa wakati ule. Maana yake, zamani hizo kima na sokwe walikuwa wamekwisha kuachana njia.

Baada yake yuko Prokonsuli wa kisiwa cha Rusinga, katika Ziwa Viktoria upande wa Kenya. Fuvu lake liliokotwa na Mama Mary Leakey mwaka 1948, nalo lina umri wa miaka milioni 18 hivi. Alikuwa akitembea kwa miguu minne juu ya matawi kama kima, lakini mkia hakuwa nao. (Jina lake ni la mzaha: Konsuli alikuwa sokwe wa maonyesho huko Ulaya.) Kisha fuvu la mtoto kutoka Napudet, karibu na Ziwa Turkana, la miaka milioni 13, dogo kama ndimu kubwa. Aliliona John Ekusi mwaka 2014, nalo likaitwa Alesi, kwa neno la Kiturkana la babu wa kale. Kisha taya la Nakali, Kenya, la miaka milioni 10 karibu.

Hatutaki kuwaficha ubishi uliopo. Mifupa ya sokwe wa kale imepatikana pia Ulaya na Asia. Wafaransa walitangaza wa kwao mwaka 1856. Wapo wataalamu wasemao kwamba babu wa gorila, sokwe na mtu alikwenda huko kisha akarudi Afrika. Wengine wasema hakuondoka. Ubishi huo wafaa uendelee, maana huamuliwa kwa mifupa. Lakini juu ya mtu mwenyewe ushahidi umekuwa mwingi mno: mifupa ya kale kuliko yote ya ukoo wa mtu inatoka Afrika, na watu wote walio nje ya bara hili, Mbeleji na Mwingereza wakiwamo, nasaba yao inarudi huku. Kama babu wa kale ni aibu, basi aibu hiyo tumegawiwa sote sawasawa.

Hayo yalikataliwa kwa muda mrefu. Mwaka 1924 machimbo ya chokaa ya Taung, Afrika Kusini, yalitoa fuvu la mtoto ambaye ubongo wake ulikuwa mdogo kama wa sokwe, lakini alitembea wima kama mtu. Profesa Raymond Dart akalitangaza mwaka 1925. Wakubwa wa elimu huko London wakakunja uso. Wao walikuwa na mtu wao wa kale, Mwingereza, aliyetangazwa mwaka 1912 kutoka Piltdown. Mwaka 1953 ikagunduliwa kwamba Mwingereza huyo alikuwa fuvu la mtu wa karibuni lililofungiwa taya la orangutani, na meno yakapigwa tupa. Miaka 40 walimheshimu.

Sasa twasema na ninyi mnaoshika sururu. Wengi wenu mwauliza: kwa nini Kenya na Tanzania, mbona si Kongo, sisi tulio na gorila, na sokwe, na bonobo ambaye hapatikani nchi nyingine yo yote? Sababu ni udongo. Mnyama akifa msituni, tindikali ya udongo hula mifupa yake. Akifunikwa upesi na matope ya ziwa au majivu ya volkeno, maji yenye madini huingia mfupani polepole mpaka umekuwa jiwe lenye umbo la mfupa, ndicho kisukuku. Baadaye ardhi ikipasuka, kama ilivyopasuka katika bonde hili lililotupatia Tanganyika, mawe ya chini hupanda juu na mvua huyafunua. Hata sokwe, aliyejaa misitu yetu, visukuku vyake vya kwanza vilivyotangazwa, mwaka 2005, vilikuwa meno machache tu kutoka karibu na Ziwa Baringo, ya miaka nusu milioni na zaidi.

Mahali ambapo mvua haifunui, hufunua mchimbaji. Taung tumekwisha kuitaja. Huko Berg Aukas, Namibia, mwaka 1991, taya la sokwe wa kale wa miaka milioni 13 hivi lilipatikana ndani ya mawe ya mgodi, katika vifusi. Fikirini: mawe yaliyokuwa yamekwisha kutupwa!

Na kuna Kabwe, Zambia, mgodi wa risasi na zinki ambao zamani uliitwa Broken Hill. Tarehe 17 Juni 1921 lilitoka humo fuvu zima la mtu wa kale, ambalo sasa umri wake umepimwa kuwa miaka 300,000 hivi. Jina la Tom Zwiglaar, Mswisi aliyekuwa akichimba, limo vitabuni. Alikuwa pamoja na mfanyakazi Mwafrika, na jina la huyo hatulioni katika habari zote tulizosoma. Kampuni ikalipeleka fuvu London mwaka ule ule. Zambia imelidai miaka mingi, hata mbele ya kamati ya UNESCO, nalo limekaa ugenini zaidi ya miaka 100. Kilima lilimotoka hakipo tena, kilichimbwa chote.

Msituambie kwamba kurudisha hakuwezekani. Fuvu la Olduvai, lililopatikana mwaka 1959, lilikabidhiwa Tanzania mwaka 1965. Prokonsuli wa Rusinga alirudishwa Kenya mwaka 1982, baada ya London kuonyeshwa barua kwamba walikuwa wameazimwa tu. Barua, ndugu zetu! Kama karatasi ile ingalipotea, wangalikuwa naye hata leo. Tena huko Kenya majina ya Waafrika yameanza kuandikwa: Heselon Mukiri na Kamoya Kimeu, mafundi wa kutafuta mifupa, wamepewa heshima ya majina yao kuitwa sokwe wa kale.

Jambo moja zaidi, tulitaje ingawa litawaudhi wengine. Yule ndugu wa ukoo aliye hai yuko milimani juu yetu, Itombwe. Mwaka 1914 wazungu walimwita gorila wa Grauer, kwa jina la Mwaustria aliyewapiga risasi na kupeleka ngozi zao Ulaya. Katikati ya miaka ya 1990 walikadiriwa kuwa karibu 17,000. Hesabu iliyotolewa mwaka 2021 ilisema 6,800. Vita imewaua, na kambi za machimbo zimewala. Twajua mtu wa shimoni ana njaa, na mwenye shimo hampi posho. Basi posho na idaiwe kwa mwenye shimo, si kwa gorila.

Na ukiona ndani ya jiwe kitu chenye umbo la jino au kiungo, kizito kuliko mfupa, usikivunje kutazama kama kina dhahabu. Hakina. Acha jiwe lake pamoja nacho, tia alama mahali kilipotoka na kina cha shimo, wala usimwuzie mpita njia. Peleka habari Lwiro, au kituo cha uchunguzi wa maji hapa Uvira, ambako wapo wasomi wetu wa kujua kipelekwe wapi. Iandikwe karatasi, na nakala ibaki kwenu. Katika karatasi hiyo neno la kwanza liwe jina la yule aliyekiona.