Tuuzieni kiti, siyo gari zima!

Wiki hii pale chumba cha habari tumecheka sana. Mtu mmoja katuma kwenye simu tangazo la safari ya kwenda kuangalia taa za kaskazini huko Tromsø, Norway. Watu nane kwenye basi dogo, mwongoza watalii mmoja, mnaondoka jioni mnarudi usiku wa manane. Nguo nzito za baridi mnaazimwa. Supu ya moto juu yao. Halafu chini kabisa, kwa maandishi madogo: hatuahidi kwamba mtaziona.

Jamaa wakashika mbavu. Yaani utoe hela yako, ukasimame kwenye theluji, ukodolee macho mbinguni, halafu urudi umeona mawingu tu? Mmoja akasema hiyo ni DECI ya angani. Eti Mzungu akishiba anatafuta pa kuteseka.

Mimi nililisoma lile tangazo mara tatu na kila nikilisoma hasira inapanda. Nina hasira na sisi.

Kwa wasiozijua: taa za kaskazini ni mwanga wa kijani, mara nyingine mwekundu au wa zambarau, unaotembea angani kama pazia linalopeperushwa. Chembechembe zinatoka kwenye jua, sumaku ya dunia inazivuta kuelekea kwenye ncha, zinagonga hewa kilomita mia moja na zaidi juu ya vichwa vya watu, na hewa inang'aa. Ile kijani ni oksijeni. Mei 2024 jua lilichafuka kiasi kwamba taa hizo zilionekana mpaka kwenye nchi ambazo hazijazizoea. Sisi tulio kama nyuzi nane kusini ya ikweta tusijidanganye, hazitupitii. Siyo shida yangu leo.

Shida yangu ni yale mambo manne yaliyoandikwa kwenye tangazo: tarehe, saa, bei, na idadi ya viti. Ukiwa karani, ukiwa mwalimu, ukiwa mwandishi wa gazeti unayelipwa mwisho wa mwezi (kama umelipwa), unanunua kiti kimoja. Hukodi basi. Hukodi mwongozaji peke yako. Wenzako saba huwajui na huna haja ya kuwajua. Mwongozaji anajua bonde gani halina mawingu usiku huo, na wote likiwafunika anawaendesha mpaka karibu na Finland kutafuta anga safi. Mnachangia ujuzi wake kama tunavyochangia daladala.

Haya, sasa turudi kwetu.

Naandika nikiwa Nyamwage, kwa bibi yangu, pale barabara ya kwenda Utete inapochepuka kutoka barabara kuu ya Lindi na Mtwara. Mabasi ya kusini yanapita hapa kila siku. Ukitoka hapa ukavuka Daraja la Mkapa (mita 970, limefunguliwa 2003, kabla ya hapo watu wakilala kwenye foleni ya kivuko cha Ndundu), ukapita Ikwiriri na Kibiti, ukafika Bungu, unakata kulia kwenda Nyamisati. Nyamisati unapanda chombo mpaka Kilindoni, Mafia. Na mbele ya Kilindoni, hasa kuanzia Oktoba mpaka Machi, anaogelea samaki mkubwa kuliko wote duniani, papa potwe. Mdomo wake ungeweza kumeza ndoo, lakini anakula vijidudu vya baharini na vidagaa. Hang'ati. Mgongo wake una madoa meupe, na kila potwe ana mpangilio wake kama alama za vidole, ndivyo wataalamu wanavyowatambua mmoja mmoja. Watu wanatoka Ujerumani na Australia kuja kuogelea naye.

Nikapiga simu kwa kampuni moja ya utalii, jina naliweka kando. Nikauliza: kiti kimoja kwenda kumwona potwe ni shilingi ngapi?

"Mko wangapi?"

Niko peke yangu.

"Basi tafuta wenzako kwanza, kaka. Boti tunaikodisha nzima."

Wenzangu niwatafute wapi? Kazi ya kutafuta wenzangu si ndiyo kazi yenu? Mwenye basi la Mtwara angeniambia nitafute abiria wengine hamsini ndipo aondoke, tungemwita mwendawazimu. Lakini kwenye utalii tunaona ni kawaida. Ukienda Instagram ndiyo kabisa: picha ya potwe, picha ya tembo, picha ya machweo, na chini "bei njoo inboksi". Ukienda inboksi unaulizwa kwanza unatokea nchi gani.

Chukua hesabu ya mfano tu. Boti ikikodishwa laki tatu, mimi peke yangu nalipa laki tatu na sili mwezi huo. Tukiwa nane, haifiki elfu arobaini kwa kichwa. Ni hela ya watu wengi ninaowajua, na wala siwazungumzii matajiri. Hapo hatujaomba punguzo, hatujaomba hisani ya serikali. Mwenye boti kapata laki tatu yake ileile.

Mbuga nako ni hivyohivyo. Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, iliyomegwa kutoka Selous mwaka 2019, imelala upande wa magharibi yetu hapa. Kiingilio cha Mtanzania kinalipwa kwa shilingi na ni kidogo mno ukilinganisha na dola za mgeni. Waheshimiwa wanapenda kutukumbusha hilo kila wakipata kipaza sauti: kiingilio tumeshusha, mbona hamji? Tunakuja na nini, waheshimiwa? Na bodaboda? Kiingilio ni kama bei ya chumvi kwenye pilau. Kinachoua ni gari, na gari halina bei ya kiti.

Halafu wanahitimisha kwa ule wimbo wao: Mswahili hana utamaduni wa kutalii. Huu ndio uongo ninaotaka kuupiga vita leo.

Nani hana utamaduni? Nenda tawi lolote la Simba au la Yanga wiki ya mechi ya mkoani. Limeandikwa ubaoni: basi linaondoka saa fulani, nauli kiasi fulani, viti vimebaki kumi. Vinaisha. Watu wanasafiri usiku kucha kwenda kuangalia dakika tisini ambazo hakuna aliyewaahidi kwamba watashinda! Wanarudi wamefungwa, na mechi ijayo wanakata tena. Hao ndio mnaosema hawawezi kulipia kitu kisicho na uhakika? Angalia vikundi vya kwaya, angalia safari za maulidi na za kuzuru makaburi ya masheikh. Mbongo akipewa tarehe, bei na kiti, anaenda.

Na kuhusu anga tumeshaona kwa macho. Tarehe 1 Septemba 2016 jua lilipatwa, mwezi ukalifunika katikati likabaki kama pete, na mahali pazuri pa kuliona hapa nchini palikuwa Rujewa, wilaya ya Mbarali, mkoa wa Mbeya. Dk. Noorali Jiwaji wa Chuo Kikuu Huria alikuwa amewaeleza watu mapema nini kitatokea, saa ngapi, na kwamba wasilitazame kwa macho matupu. Nilikuwa sekondari, na nakumbuka magazeti siku hizo yalijaa UKUTA, maandamano ya upinzani yaliyopangwa tarehe hiyohiyo kisha yakaahirishwa. Pamoja na hayo yote watu walijazana Rujewa. Wageni walikuwepo na wenyeji walikuwepo, wanafunzi kwa walimu, wakitazama jua kwa miwani maalumu. Hakuna aliyewaambia hawana utamaduni. Walipewa tarehe na mahali, basi.

Kuna wanaosema tukiwafungulia watu wengi wataharibu mazingira. Hoja hiyo ina uzito, ila mnaielekeza kwa mtu asiyehusika. Julai 2025 mlizunguka na zile video za Kogatende, Serengeti, magari yamejipanga mtoni mpaka nyumbu wanakosa njia ya kuvuka, watu wameshuka wamesimama ukingoni. Mle ndani ya magari mlimwona mwalimu wa Ikwiriri? Mara ngapi gari la viti saba linabeba mtu na mkewe? Ukiwaweka watu nane kwenye gari moja, umeyaondoa magari matatu mtoni. Kwa potwe ndiyo zaidi: boti moja yenye watu wanane na mtu mmoja anayejua kuwaambia msimguse, msimzibe mbele, kaeni mita kadhaa pembeni, ni nafuu kwake kuliko boti nne zinazomkimbiza kila moja na wateja wake wawili.

Sasa niseme la kwetu, maana ndilo lililonifanya niandike.

Watu wa Rufiji hawahitaji kufundishwa habari za wanyamapori. Wanawajua kwa gharama. Hapa mpunga ukikaribia kukomaa watu wanahamia shamba, wanalala juu ya dungu, usiku kucha wanapiga debe kufukuza nguruwe. Tembo wakiingia kwenye mahindi ni usiku mmoja tu, msimu umekwisha. Kati ya 2002 na 2004 simba waliua watu zaidi ya thelathini katika wilaya hii. Zaidi ya thelathini! Wapo walionyakuliwa hukohuko kwenye dungu. Mtoto wa Nyamwage anamjua mnyama kama kitu kinachokula chakula chake au kinachokula watu wake. Ile siku ya kumtazama akiwa salama ndani ya gari, akiwa na mtu wa kumweleza anatazama nini, hiyo haipati. Ndege ndogo zinatupita juu, zinaenda kutua hukohuko mbugani kwenye makambi. Sisi tunaona tumbo la ndege.

Na wale vijana wanaojua mto? Kuna vijana wa Mohoro na wa kwenye visiwa vya delta wanaoweza kukupitisha kwenye mikoko usiku bila taa, wanajua maji yanajaa saa ngapi na kiboko amelala mkondo gani. Mafuriko ya Aprili 2024 yaliwachukulia mashamba. Huko Tromsø ujuzi wa namna hiyo, wa kujua usiku wa kwenu vizuri kuliko mgeni, ni ajira yenye heshima. Huku kijana huyo anaitwa mara moja kwa mwezi, mgeni akipatikana, anapewa posho, na wiki inayofuata anaomba lifti ya lori kwenda Kariakoo kuuza soksi. Angekuwa na watu wanane kila Jumamosi, watumishi wa Kibiti, walimu, manesi, wanafunzi wa chuo waliorudi likizo, asingengojea ndege itue.

Najua nitajibiwa kwamba soko halipo, biashara ni hatari, gari likiondoka na watu watatu ni hasara. Sawa. Wenye mabasi ya kusini walianzaje? Barabara hii ilikuwa tope, wakaanza na tarehe, bei na viti. Anzeni na Jumamosi moja kwa mwezi. Andikeni kwamba wasipofika watano tunaahirisha na hela inarudi. Andikeni na ile sentensi ya Tromsø, kwamba potwe hatuahidi. Sisi ni watu wazima, tumeshangilia Taifa Stars maisha yetu yote.

Lakini wanachojua ni kututungia filamu. Royal Tour ilizinduliwa Marekani Aprili 2022, rais mwenyewe akiwa mwongoza watalii, na sina ugomvi nayo, wageni waje. Ila Mmarekani aliyeiona akiamua kuja, atakuta kila kitu kimepangwa kwa ajili yake kuanzia uwanja wa ndege. Mtu wa Nyamwage aliyeiona kwenye kibanda cha video akiamua kwenda, anaanzia wapi?

Mimi nimejaribu kuanza. Nauli ya hapa mpaka Bungu naijua, nimemuuliza kondakta tu. Ya Bungu mpaka Nyamisati naijua. Ya chombo mpaka Kilindoni naijua pia, na ni kwa kichwa, mtoto nusu. Zimebaki kilomita chache za maji kutoka gati la Kilindoni mpaka alipo potwe, na hapo ndipo ninapoambiwa nije inboksi.