Picha za Kolwezi ziko kwa nani?



Juma hili tuzungumze juu ya kazi moja isiyojulikana sana. Kila filimu inapoonyesha mambo ya zamani, kuna mtu aliyezitafuta picha zile. Huuliza nani anazo, huziangalia saa nyingi, huhakikisha ni za mahali gani na mwaka gani, kisha huomba ruhusa kwa mwenyewe na kulipa.

Malipo si madogo. Raoul Peck, mtu wa Haiti aliyekulia Kinshasa, alitengeneza filimu juu ya Patrice Lumumba mwanzoni mwa miaka ya 1990. Ndani ya filimu yenyewe anataja bei ya picha za habari za zamani: dola 3.000 kwa dakika moja. Lumumba aliuawa hapa kwetu Katanga, tarehe 17 Januari 1961, lakini picha zake zinanunuliwa Ulaya! Peck akatumia pia picha za familia yake na masimulizi ya mama yake, aliyefanya kazi kwa meya wa Léopoldville. Picha zilipokosekana, neno la mama lilijaza nafasi.

Sisi nasi tuna vita ya Mei 1978. Picha za televisheni za siku zile zinatunzwa Ulaya, kwa mfano katika taasisi ya INA, Ufaransa. Zinaonyesha zaidi askari wa parashuti na Wazungu wakikimbizwa. Mama wa cité aliyelaza watoto chini ya kitanda, nani alimpiga picha?

Picha zetu ziko ndani ya valizi: ndoa, komunio, baba amevaa kofia ya Gécamines. Leo mitaa mingine inahama sababu ya mine, kama ilivyokuwa Kasulo. Nyumba ikibomolewa, picha ndiyo inabaki shahidi.

Mama mmoja wa mtaa wetu aliwapa wageni albamu nzima, bila kuandika hata majina yao. Hazikurudi. Leo wajukuu wakimuuliza sura ya babu yao, hana cha kuonyesha.

Basi tufanye hivi:

– Nyuma ya kila picha, andika polepole kwa krayo: nani, wapi, mwaka gani.
– Mtu akija kutafuta picha, apige nakala mbele ya macho yako. Picha yenyewe isitoke nyumbani.
– Mwombe karatasi yenye jina lake, hesabu ya picha, kazi yake na malipo. Kama Kifaransa ni kigumu, mwite mtoto wa shule asome kabla hujatia sahihi.
– Keti na bibi, umrekodi kwa telefone akisimulia.

Anza na picha tatu tu, kabla ya Siku ya Mungu. Mama ambaye hatumwandiki jina leo, kesho ataitwa “mwanamke Mwafrika” ndani ya filimu ya wengine, na mjukuu wake atampita bila kumjua.