Picha ya Kungojewa

Vijana huniuliza: kwa nini msanii ajitaabishe na filimu, ilhali simu ya mkononi hupiga picha mamia kwa dakika chache? Swali hilo si la kudharauliwa, maana filimu ni ghali.

Lakini ughali huo ndio ualimu wake. Mkanda mmoja wa milimita 35 huwa na picha 36, basi. Mpigaji hutazama kivuli, humngoja mtu atulie, ndipo abonyeze. Kisha huingia chumba cha giza, akaitia karatasi katika dawa, sura ikajitokeza polepole mbele ya macho yake. Kazi yote imo mikononi mwake.

Steven Sasson, mhandisi wa Kodak, aliunda kamera ya kidijitali mwaka 1975. Mwaka 2012 kampuni hiyo iliomba kinga ya kufilisika. Hata hivyo, mwaka 2018 filimu yake ya Ektachrome, iliyokuwa imeachwa, ilirudi madukani. Ingalirudije lau hapana aitakaye?

Nasi Mombasa tuna ushahidi wetu. Picha alizopiga N. V. Parekh katika studio yake mjini humu, karne iliyopita, zatazamika hata leo. Ama simu ikitumbukia majini, arusi nzima yaweza kuzama nayo.

Sisemi tuzitupe simu, la hasha! Nasema mwenye negativu za wazee wake azihifadhi, ni amana. Na mwenye picha aipendayo simuni, aende akaichapishe karatasini kabla haijapotea.