Kama Steringi Hafi, Kiingilio Tunalipia Nini?

Ingia kibanda umiza chochote cha kuonyeshea filamu pale Bugarama, mkoani Shinyanga, jirani na mgodi wa Bulyanhulu, jioni vijana wakishatoka kwenye maduara ya kuchimbia dhahabu na karasha za kusagia mawe. Utaikuta sheria isiyohitaji kubandikwa ukutani: steringi hafi. Apigwe risasi, atupwe korongoni, mwisho atainuka tu. Ndani ya sheria hiyo umejificha uongo tunaoumeza wote, kwamba sinema ni ya steringi, yule mhusika mkuu, na waliobaki ni wasindikizaji. Mtu akicheza baba, bibi au adui maisha yake yote, tunamwonea huruma: maskini, hakubahatika.

Nasema tumeishika sheria hiyo miguu juu kichwa chini. Ikiwa kila aliyekaa kwenye benchi anajua steringi hafi, kiingilio tunalipia nini? Tunamlipia yule anayetusahaulisha, kwa saa nzima, kwamba steringi hafi.

Mchukulie Amrish Puri, adui wa sinema za Kihindi ambaye sura yake inajulikana hata na wasiolijua jina lake. Kwa miaka mingi alikuwa mtumishi wa shirika la bima huku akicheza michezo ya jukwaani. Filamu zilimpa umaarufu akiwa mtu mzima kabisa. Alinyoa kipara ili acheze kuhani katili katika filamu ya Indiana Jones ya Steven Spielberg, iliyotoka mwaka 1984. Akaona kinamkaa, akaendelea nacho. Mwaka 1987 akawa Mogambo wa Mr. India. Alipofariki Januari 2005 alikuwa ameacha mamia ya filamu. Nani atathubutu kumwita msindikizaji?

Kwetu tulikuwa na Mzee Jengua, Mohammed Fungafunga, aliyetutoka Desemba 2020. Huyo ndiye baba mkali wa taifa. Kijana wa kuchumbia anaingia sebuleni na suti yake, mzee hasemi kitu, anamtazama tu kuanzia viatu kwenda juu, na kijana anasahau hata salamu aliyokuja nayo. Steringi hupewa filamu nzima ili tumzoee: tunamwona akipenda, akilia, akikosea, akisamehewa. Baba hupewa dakika tano, na katika hizo lazima tujue ana hela au amefilisika, anampenda binti au anapenda heshima yake. Kufanya hivyo filamu baada ya filamu, mwaka baada ya mwaka, ni ufundi. Bahati mbaya haidumu hivyo.

Wachimbaji wadogo wanapaswa kulielewa hili kuliko mtu yeyote. Hakuna aliyewahi kupeleka matimba, magogo yanayozuia duara lisiporomoke, sokoni akayauza kama dhahabu, lakini hakuna mwenye akili atakayeshuka kwenye duara lisilo na matimba.

Watanisuta kwamba sura iliyokuwa kwenye kava ndiyo iliyouza. Kweli, iliuza. Steven Kanumba, mtoto wa Shinyanga hii hii, aliuza, na alipofariki Aprili 2012 umati uliofurika Leaders Club kumuaga ulikuwa haki yake. Lakini Januari ya mwaka huo huo alifariki Fundi Said, Mzee Kipara, mkongwe wa Kaole, kundi lile lile la maigizo alilopitia Kanumba. Wangapi kati yetu tunaikumbuka Januari hiyo? Kava linakufanya ununue mara moja. Kinachokurudisha ni hofu ya Bi Mwenda akitokea usiku, au Mzee Chilo akikataa posa.

Imani hii kwamba wasio steringi ni wasindikizaji ingekuwa porojo za kijiweni tu kama isingegusa mifuko ya watu. Ndiyo inayompa mtayarishaji ujasiri wa kumpa mzee nauli na sahani ya wali, kisha amwambie ashukuru kwa kuonekana. Mchekeshaji Mzee Majuto alikuwa jina linalouza, lakini mwaka 2018, akiwa mgonjwa, mikataba yake ikawa gumzo la nchi nzima, hadi serikali ikaunda kamati ya kuipitia mikataba ya wasanii. Agosti mwaka huo alifariki. Kama hayo yalimkuta Majuto, anayecheza mlinzi wa getini atatetewa na nani?

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mwigizaji. Haiulizi kama alikuwa steringi. Basi mkataba wa anayecheza bibi uandikwe kabla kamera haijawashwa, useme atapata nini filamu ikiuzwa tena au ikirushwa upya kwenye televisheni, na jina lake likae kwenye tangazo kwa herufi zinazosomeka. Nasi watazamaji tuache kuwaonea huruma. Huruma yetu ndiyo inayompa mtayarishaji kisingizio: mtu anayehesabiwa ameshindwa, hata akilipwa kidogo, huonekana amesaidiwa.