Mwizi mwenye kibali haitwi haramia: yale mchezo wa Deadfire unayosema, na yale unayoyanyamazia

Kuna mchezo wa kompyuta unaoitwa Pillars of Eternity II: Deadfire. Ulitoka tarehe 8 Mei 2018, na ulitengenezwa na kampuni ya Obsidian Entertainment ya California, Marekani. Mchezaji anaigiza mtu mmoja, anamchagulia asili, ujuzi na tabia, kisha anazunguka naye kwa merikebu katika visiwa vyenye maharamia, mizinga na hazina zilizofichwa. Mwaka 2017 wapenzi wa michezo hii walichangia kazi hiyo kupitia intaneti zaidi ya dola milioni 4, kabla hata mchezo haujawa tayari.

Anayesikia habari hiyo akiwa chini ya shitingi, hajui atakula nini jioni, ana haki ya kuuliza: jambo hili linamhusu nini mkimbizi wa vita? Wako pia wazee wanaosema kwamba michezo ya maharamia ni upuuzi wa watoto wa matajiri. Wazee hao wanakosea. Mchezo huu unagusa kidonda kilekile ambacho watu wa Kivu wanakiuguza tangu miaka mingi, na unafaa kusikilizwa kwanza, halafu ukosolewe.

Unaanza na nyumba iliyobomolewa. Mungu mmoja anayeitwa Eothas anaingia ndani ya sanamu kubwa sana iliyozikwa chini ya ngome ya mhusika mkuu. Sanamu inainuka, inaivunja ngome, inaua watu waliokuwemo, inakwenda zake baharini. Haikuwa na ugomvi na mwenye ngome. Ngome ilikuwa tu juu ya njia yake. Familia iliyotoka Masisi au Rutshuru usiku, godoro kichwani na mtoto mgongoni, haihitaji kufafanuliwa sehemu hiyo. Shujaa wa mchezo ni mhamaji wa vita.

Anapofika visiwani, anakuta pande nne zinagombania nchi. Wa kwanza ni wenyeji, Wahuana, chini ya Malkia Onekaza wa Pili katika mji wa Neketaka. Wa pili ni Kampuni ya Biashara ya Vailia. Wa tatu ni Kampuni ya Kifalme ya Deadfire, iliyotumwa na dola ya Rauatai pamoja na manowari zake. Wa nne ni maharamia, wanaoitwa Príncipi. Kinachotafutwa na wafanyabiashara wa Vailia ni adra inayong'aa, jiwe ambalo katika hadithi hiyo linabeba nguvu ya roho za watu. Rauatai inataka bandari, njia za bahari na mamlaka.

Hapo ndipo mchezo unaposema ukweli mkubwa. Kati ya pande hizo nne, ni mmoja tu unaoitwa haramia. Ni kweli kwamba Príncipi si watakatifu: wanateka merikebu, na baadhi yao wanashirikiana na wauza watumwa wa kisiwa cha Crookspur. Hakuna wa kuwatetea. Lakini wale wawili wenye mihuri, wakurugenzi na vitabu vya hesabu wanachukua kilicho chini ya ardhi ya wengine, na bado wanapokelewa kama wageni wa heshima. Haramia anaiba merikebu moja. Kampuni inachukua kisiwa kizima, kisha inaandika risiti.

Jambo hilo halikutungwa California. Kampuni ya Kiholanzi ya Mashariki, VOC, iliundwa mwaka 1602 kwa kibali cha serikali, ikapewa ruhusa ya kufanya biashara, kujenga ngome na kupigana vita. Mwaka 1621, chini ya Jan Pieterszoon Coen, iliteka visiwa vya Banda, katika Indonesia ya leo, kwa sababu ya kungumanga. Wengi wa wenyeji waliuawa, wakafa kwa njaa, wakauzwa utumwani au wakakimbia. Mpaka leo vitabu vinamwita Coen gavana, havimwiti haramia.

Hapa Kongo, Léopold wa Pili alifanya hivyohivyo bila bahari. Kampuni ya Abir, iliyoanzishwa mwaka 1892, ilipewa eneo kubwa la msitu upande wa kaskazini, na raia wakalazimishwa kuleta mpira. Aliyeshindwa kufikisha kiasi alichopangiwa alipigwa, au mke wake alifungwa mpaka mpira upatikane. Ripoti ya Roger Casement ya mwaka 1904 ilifichua ukatili wa utawala huo mbele ya dunia. Karatasi za Abir zilikuwa sawa. Mihuri ilikuwepo.

Leo je? Kompyuta na simu nyingi zina vipande vidogo vya umeme vilivyotengenezwa kwa tantalamu, na tantalamu inatoka katika koltani. Kongo ni miongoni mwa nchi zinazotoa koltani nyingi kuliko zote duniani, na Rubaya, wilayani Masisi, ni mojawapo ya machimbo makubwa. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa wameandika kwamba M23, iliyoishika Rubaya tangu mwaka 2024, inatoza ushuru juu ya madini hayo, na kwamba yanavushwa hadi Rwanda na kuchanganywa na ya huko. Rwanda imekanusha mara nyingi kuhusika. Hata hivyo, mchimbaji anayeshuka shimoni bila kofia anajua kwamba gunia lake linakwenda mbali, na kadiri linavyokwenda ndivyo linavyopata karatasi safi zaidi. Kijana mwenye bunduki njiani anaitwa jambazi. Aliye mwisho wa barabara, mwenye kalamu, anaitwa mshirika wa biashara.

Kwa hiyo watengenezaji wa Deadfire wanastahili sifa kwa kuonyesha sura ya pili ya uharamia. Lakini sifa hiyo ina mpaka, na mpaka huo ni mahali ambapo uamuzi unafanyika.

Katika mchezo huu, anayeamua hatima ya visiwa ni mgeni. Mchezaji anafika na merikebu yake, anazungumza na malkia, na wakurugenzi wa kampuni, na makapiteni wa maharamia, kisha anachagua amsaidie nani, au asimsaidie yeyote. Mwishoni anasimuliwa kilichowapata Wahuana kutokana na uchaguzi wake yeye. Waswahili walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Hapa mgeni anakuja, na mwenyeji anapona au anaangamia kulingana na moyo wa mgeni ulivyoamka siku hiyo.

Kuna jambo baya zaidi. Wahuana wenyewe wana matabaka, na tabaka la chini kabisa ni Waroparu. Wengi wao katika Neketaka wanaishi mtaa wa bondeni uitwao Gullet, maana yake koo. Ni koo lisilopita chakula, kwa sababu Waroparu wanapata kinachobaki baada ya wakubwa kupewa sehemu yao. Mchezaji anaweza kuwapa msaada huku na kule. Ila Waroparu si upande. Hawana kiti penye mazungumzo, hawana merikebu, hawana balozi. Katika pande nne zinazogombania nchi, wenye njaa hawahesabiwi kuwa hata upande wa tano.

Wapenzi wa mchezo watajibu kwamba malkia yupo, naye anasema kwa niaba ya watu wake wote. Jibu hilo linajulikana sana hapa. Kila mara mtu mwenye kiti anapoulizwa kwa nini wasio na kiti hawakuitwa, anajibu kwamba yeye ndiye sauti yao. Tarehe 27 Juni 2025, mjini Washington, Kongo na Rwanda zilitia saini mapatano ya amani ambayo yanagusa pia ushirikiano wa kiuchumi na biashara ya madini. Walioketi walikuwa mawaziri. Miezi michache kabla yake, mwezi wa Februari, familia za kambi za kandokando ya Goma zilikuwa zimeambiwa na M23 ziondoke ndani ya saa 72. Wengine walikunja shitingi na kurudi kwenye vijiji ambavyo nyumba zake zilikuwa zimeshaungua. Mama mwenye watoto wanne hakuulizwa siku ya kuondoka, na hakuulizwa siku ya kusaini.

Ndiyo sababu haitoshi kusema "ni mchezo tu." Kijana wa Ulaya anayeucheza kwa saa 60 anajifunza kwamba matatizo ya nchi yenye mali yanasubiri mtu mwema kutoka nje achague vizuri. Kesho anaweza kuwa mwanadiplomasia, au mnunuzi wa madini, akiwa na imani hiyohiyo. Na kijana wa Goma anayeuona kwenye kompyuta ya rafiki anajifunza kwamba mtu wa Gullet kazi yake ni kungoja.

Somo hilo la pili likataliwe. La kwanza, kwamba kibali hakigeuzi wizi kuwa halali, lishikwe na lirudiwe mbele ya kila anayekuja na mkataba mkononi. Wanaotaka koltani ya Masisi waulizwe maswali matatu kabla ya kuitwa wawekezaji: nani alihamishwa ili shimo hili lichimbwe, atarudi lini, na atapata nini. Na watakaojibu wawe wale waliohamishwa wenyewe, wakiwa wameketi mezani kwa majina yao, si kwa niaba.

Shujaa wa Deadfire alipoteza nyumba yake, akapewa merikebu. Wahamaji wa Kivu hawaombi merikebu. Wanaomba kiti.