Kufiwa na mfalme

Wenzangu wengi katika fakulte wanasema filamu za katuni za Kijapani ni mambo ya watoto, hazistahili kujadiliwa na watu wa lugha. Mimi siamini hivyo, na nitatoa mfano mmoja: K: Missing Kings, filamu iliyotoka Japani mwezi wa Julai 2014. Ni mwendelezo wa K, mfululizo wa televisheni wa mwaka 2012. Iliongozwa na Shingo Suzuki katika studio ya GoHands, na hadithi yake ni ya GoRA, kikundi cha waandishi saba.

Katika hadithi hiyo kuna wafalme saba, kila mmoja na rangi yake na watu wake anaowagawia nguvu. Juu ya kila mfalme unaning'inia upanga mkubwa. Nguvu zikimshinda, upanga unaanguka na kuangamiza mji. Mwishoni mwa mfululizo, Suoh Mikoto, Mfalme Mwekundu, anauawa na Munakata Reisi, Mfalme wa Bluu, ili upanga wake usianguke. Shiro, Mfalme wa Fedha, anatoweka. Filamu inaanzia hapo: si hadithi ya wafalme, ni hadithi ya waliobaki.

Siku moja tulijaribu kutafsiri jina la filamu. Mmoja alisema «Wafalme waliopotea». Mwingine akakataa: aliyepotea hutafutwa, na Suoh hatafutwi, amekufa. «Wafalme waliokufa» nalo halikufaa, kwa sababu Kuroh na Neko wanazunguka wakimtafuta Shiro, wala hawataki kusikia neno kifo. Kiingereza kinawafunika wote kwa neno moja. Kiswahili kinatulazimisha kuuliza: huyu amekufa, au amepotea?

Lakini Kiswahili kina pia kitenzi kufiwa. Aliyekufa amemaliza, aliyefiwa ndiye anayebaki na kazi. Nadhani filamu hii yote ni ya kitenzi hicho. Watu wa Suoh wanatawanyika. Yata anajitenga na uchungu wake, kana kwamba kukaa peke yake ndiyo heshima kwa marehemu. Kamamoto hafanyi hivyo: anamlinda Anna, msichana mdogo anayewindwa na ukoo wa Kijani. Na Kuroh na Neko, ambao si wa ukoo huo na wana shida yao wenyewe, wanaingia vitani kwa ajili ya mtoto huyo.

Rafiki yangu mmoja ananipinga. Anasema: mwishoni Anna mwenyewe anakuwa Mfalme Mwekundu, kwa hiyo ukoo umeokolewa na mfalme mpya, si na waliofiwa. Namjibu aangalie mpangilio wa matukio. Watu walikuja kumwokoa Anna kabla hajawa mfalme. Wasingekuja, huyo mfalme mpya angepatikana wapi?

Sisemi filamu haina kasoro. Mapigano ni marefu, na asiyeona mfululizo atapotea njiani. Hata hivyo ilinigusa, na sababu yake iko hapa hapa kwetu. Tulikuwa na kikundi cha kusoma riwaya za Kiswahili. Mwalimu aliyekianzisha alipohamia mji mwingine, tuliacha kukutana. Tulijiambia kwamba tunamngoja. Tangu hapo umepita mwaka mzima, na vitabu tulivyochangia pesa kuvinunua vimefungwa ndani ya sanduku. Tuliita jambo hilo uaminifu, nami nilikuwa wa kwanza kuliita hivyo.

Leo naona tulifanana na Yata. Mwalimu hakutuachia kikundi ili tukilinde kwa kunyamaza. Kwa hiyo, Alhamisi ijayo baada ya masomo, nitafungua sanduku lile. Sitakalia kiti cha mwalimu. Nitasoma ukurasa wa kwanza, kisha nitampa kitabu atakayekuwa karibu yangu.